Ulimi Ukichelewa, Liulize Sikio

"Ulimi ukichelewa, liulize sikio." Leo mmemsikia Bi Nuru akimwambia hivyo binti yake, nanyi mmekuja kuuliza ni wahenga gani walioisema kwanza. Kaeni basi, wajukuu. Methali nyingine zilitoka mbali, na hakuna ajuaye aliyezitamka. Hii ilizaliwa hapa hapa, ndani ya nyumba moja, na chanzo chake ni hiki.

Siku hizo shamba la mkonge la Kwemhosi lilikuwa bado na uhai. Pale mnapoona vichaka palikuwa na safu za nyumba za wafanyakazi zilizopakwa chokaa, na nyuma yake nyaya ndefu zilikoanikwa nyuzi za katani, ziking'aa juani kama mvi za bibi aliyetoka kuoga. King'ora kililia alfajiri, watu wakaenda kazini. Kililia tena mchana, wakarudi. Jumamosi ngoma zilichezwa mpaka vumbi likaingia kwenye masufuria. Hata ile harufu kali ya mkonge uliosagwa, ambayo wageni waliizibia pua, wenyeji waliipenda. Ilikuwa harufu ya nyumbani.

Singano alifanya kazi kwenye kinu cha kuchakata mkonge. Mtu wa kinuni huzoea kupaza sauti, na Singano alipaza sauti hata akiomba chumvi. Mkewe, Semeni, alijifunza kumjibu vivyo hivyo, na mama yake Singano, Bi Mwajabu, hakukubali kushindwa na wanawe. Majirani walisema ukitaka kujua kwa Singano wamepika nini, usijisumbue kwenda. Kaa kwako, utasikia.

Katika nyumba hiyo ya wasemaji alikua mtoto asiyesema. Jina lake Hizza. Alipokuwa mchanga alibwabwaja kama watoto wote, na kabla ya kuachishwa ziwa alikuwa na vijineno vyake viwili vitatu. Kisha zikaja mvua na mafua, na masikio yakawa yanamtoka usaha. Yalifutwa, yakakauka, yakatoka tena, yakakauka, watu wakasahau. Ila vile vijineno havikuzaa vingine. Wenzake walipofika umri wa kubishana na mama zao, Hizza alikuwa bado anavuta kanga ya mama yake na kunyoosha kidole. Akikosa kueleweka hujitupa chini akalia mpaka akachoka.

Wafariji walikuwa wengi. Wapo waliosema wavulana huchelewa. Wapo waliosema babu yake naye alinyamaza hivyo hivyo, kisha alipoanza kusema watu hawakupata pa kukimbilia. Na wapo waliotania: jina lako Semeni, mbona mwanao hasemi? Semeni alicheka pamoja nao, lakini akirudi ndani kicheko kile kilimwachia uchungu kinywani.

Alimpeleka mtoto chekechea, kwenye ghala la zamani la shamba, kwa Mwalimu Veridiana. Huko Hizza alikaa pembeni. Watoto wakisimama, husimama baada yao. Wakipiga makofi, naye hupiga, nyuma kidogo, kama mtu anayefuata sala kwa kumtazama jirani. Siku moja mwalimu alimuuliza Semeni kama mtoto anasikia vizuri. Semeni alimjibu kwamba anasikia sana, king'ora kikilia tu hukimbilia mlangoni kumngoja baba yake. Lakini swali lile halikumtoka Semeni moyoni.

Bi Mwajabu yeye hakuwa na swali. Alisema kinachomfunga mtoto ni kimeo, ile nyama ndogo inayoning'inia kooni, na dawa yake ni kukikata. Alikuwapo bibi mmoja aliyeshuka kutoka mlimani kila siku ya gulio akiwa na kisu chake. Watoto wengine walipona, au walidhaniwa wamepona. Mmoja wa jirani alitoka damu mpaka akazikwa. Semeni aliyajua hayo na aliogopa. Lakini mume alikwisha kubali, na mama mkwe hasemi kwa ubaya, anampenda mjukuu wake kama mboni ya jicho. Wakakubaliana kwamba gulio lijalo atakatwa.

Ndipo Semeni akashikwa na mafua makali, sauti ikampotea kabisa. Ilibaki kama mkwaruzo wa jani kavu. Kwa mara ya kwanza nyumba ile ikawa na mtu asiyeweza kupiga kelele, na mtu huyo akaanza kuona asichokiona siku zote. Alimwita Hizza ale, Hizza hakugeuka. Alipozunguka akasimama mbele yake na kusema maneno yale yale, mtoto akamtazama midomo, akanyanyuka, akaja kula. Semeni akadhani ni utundu. Akajaribu tena akiwa nyuma yake, akitikisa kopo la karanga ambazo Hizza alizipenda kuliko nyama. Mtoto hakugeuka. Akalitikisa karibu na kisogo. Wapi. Semeni alilishika lile kopo kifuani.

Bi Mwajabu alikuwa uani akipeta mchele. Semeni akamfuata, akaketi karibu ili asikike.

"Mama," alisema kwa mkwaruzo wake, "ulimi wa huyu mtoto hauna neno. Yeye ndiye hatusikii sisi."

"King'ora anakisikia," alijibu Bi Mwajabu bila kuacha kupeta.

"King'ora kinasikika mpaka ng'ambo ya mto, mama. Na baba yake anasikika karibu sawa na king'ora. Njoo mwite wewe, lakini mwite taratibu, kama unavyomwita mtu msibani."

Bi Mwajabu aliweka ungo chini, zaidi kwa kumridhisha mgonjwa. Waliingia ndani. Hizza alikuwa amekaa sakafuni, mgongo kwao, akipanga vijiti. Bibi akainama kidogo.

"Hizza," alisema. "Hizza, mume wangu."

Mtoto aliongeza kijiti kingine kwenye safu yake.

"Mume wangu, njoo nikupe karanga."

Hakuna kitu. Akasogea, akaita tena, akasogea tena, mpaka pumzi yake ikamgusa mtoto shingoni. Hapo Hizza akageuka, akamwona bibi yake, na uso wote ukafunguka kwa furaha.

Bi Mwajabu aliketi pale pale sakafuni, akampakata.

"Tangu azaliwe namwita mume wangu," alisema. "Kumbe hajanisikia."

Singano aliporudi kutoka kinuni alimkuta mama yake mlangoni. Mama akamwambia kwamba bibi wa mlimani asije, na kesho yake yeye Singano asiende kazini, ampeleke mtoto hospitali kubwa. Singano akaona macho ya mama yake, akakubali.

Daktari wa masikio aliwaeleza kwa utulivu. Nyuma ya ngoma ya sikio kumejaa majimaji mazito, mabaki ya yale mafua na usaha wa zamani. Mtoto anasikia kama mtu aliyezama mtoni. Kelele kubwa humfikia, maneno ya kawaida humfikia yamevurugika. Ulimi nao hutengeneza kile tu sikio lilichoupelekea. Akawaambia pia kwamba wamefanya vyema kutoendelea kungoja, maana kuna miaka ambayo mtoto hukusanya lugha kama mchwa anavyokusanya chakula, na miaka hiyo hairudi. Walimtoboa ngoma za masikio kwa uangalifu, majimaji yakatolewa. Lakini daktari alisisitiza kwamba kazi kubwa itakuwa nyumbani: wamchuchumalie wamtazame usoni, wamtajie kila kitu wanachokishika, na akijaribu, wasimcheke wala kumkatiza.

Hizza alirudi Kwemhosi akiwa mgeni katika dunia. Mvua ilipodondoka kwenye bati alijificha chini ya kitanda. Alisimama mbele ya mtungi akisikiliza tone likianguka, akingoja jingine. Aligundua kwamba kuku wana sauti, akawafuata uani asubuhi nzima.

Hata hivyo hakusema. Hilo ndilo watu husahau kulisimulia. Miezi ilipita. Singano, mtu wa kinu, alijifunza kuchuchumaa na kuteremsha sauti, na wenzake walipomcheka aliwaacha wacheke. "Kijiko," alimwambia mwanawe. "Hiki kijiko. Lete kijiko." Mwalimu Veridiana alimketisha mbele, akawafundisha watoto wengine kumgusa bega kabla ya kumsemesha. Semeni alitaja sufuria, moto, kuni, kitunguu, mpaka akaota anataja vitunguu. Kuna siku Singano alivunjika moyo, akasema huenda kweli tatizo lilikuwa kimeo. Mkewe alimjibu kwamba shamba halivunwi siku ya kupanda, na akaendelea kumenya viazi huku akimtajia mtoto kila kimoja.

Kisha siku moja, Semeni akiwa uani anaanua nguo, alisikia nyuma yake mtoto akiita, "Mama!" Hakugeuka. Watoto wa jirani huita mama zao kutwa. Sauti ikarudi, nene kidogo, isiyozoea kutumika.

"Mama! Kuku! Unga!"

Aligeuka. Hizza alikuwa mlangoni, mkono ukionyesha ndani, ambako kuku alikuwa amepanda juu ya ungo anajilia unga wa jioni. Semeni aliangusha nguo alizozishika. Bi Mwajabu alitoka jikoni, akasimama. Wote wawili walibaki wanamtazama mtoto, naye akiwashangaa, mbona hakuna anayefukuza kuku. Unga uliliwa karibu wote, na jioni ile walikula mihogo, na Singano alisema hajawahi kula chakula kitamu kama kile.

Baada ya hapo hakunyamaza tena. Alichelewa matamshi fulani, herufi ya "r" ilimsumbua mpaka alipokuwa darasa la pili, lakini alibishana na bibi yake kwa haki na kwa sauti.

Shamba lilikuja kufungwa. Mashine ziliuzwa, king'ora kiliteremshwa, na watu wakatawanyika. Wengi waliokuwa wakisikilizana kwenye zile safu za nyumba hatuwasikii tena. Bi Mwajabu alibaki, akazeeka hapa, na kina mama walimletea watoto wao waliochelewa kusema, kwa kuwa ilijulikana yaliyompata mjukuu wake. Wengine walikuja wameshapanga siku ya kimeo. Wengine walikuja kutafuta mtu wa kuwaambia wangoje. Yeye hakuwaambia wangoje. Alimpakata mtoto, akamgeuza ampe mama yake mgongo, akamwambia mama aite kwa sauti ya msibani. Wapo waliogeuka, akawaambia waende wakamwone daktari hata hivyo, ili kijulikane kilichopo. Na wapo ambao hawakugeuka. Kwa hao alimshika mama mkono, akamwambia kwa upole yale aliyojifunza akiwa ameketi sakafuni: "Mwanangu, usimlaumu, na usimkate. Ulimi ukichelewa, liulize sikio."