Michungwa ya Mwanjaa

"Neno la akiba halichachi." Mmemsikia mama yenu akimwambia hivyo shangazi yenu leo asubuhi, na sasa mmenizunguka mnataka kujua methali hiyo imetoka wapi. Haya, kaeni. Wewe Zaharani acha kucheka, maana aliyeaibika ni bibi yako. Methali hiyo ililetwa na mdomo wangu mimi kutotulia.

Babu yenu Mhina, Mungu amrehemu, kabla ya kunioa alikuwa na mke jina lake Mwanjaa. Huko kwetu Bonde ardhi ilikuwa ya ukoo wa mume, lakini mti ni wa aliyeupanda. Mwanjaa alipanda michungwa arobaini nyuma ya nyumba, akaibebesha mwenyewe vichipukizi vya michungwa mitamu, mmoja mmoja, kwa kisu kidogo cha jikoni. Walipoachana ilikuwa haijatoa hata ua.

Nikaolewa mimi. Nawaambia kweli, sikupata raha nyumba ile. Mwanjaa alikuwa amehamia kijiji cha pili kwa kaka yake, hakukanyaga kwetu, lakini kutwa nilishinda naye. Mhina akipita shambani atasema, "Huu Mwanjaa aliupatia." Jirani akija kuomba moto ataisifu michungwa kwanza, ndipo anisalimie mimi. Wivu ukanishika. Ikafika mahali nanusa shati la mume wangu akitoka msikitini. Msikitini, jamani.

Mwaka wa tatu michungwa ikazaa, matawi yakainama. Wiki haikuisha, Mwanjaa akapeleka shauri kwa wazee: anataka michungwa yake. Mimi sikuona michungwa. Niliona mwanamke atakayekuja nyuma ya jiko langu kila msimu, na mume wangu akimtazama. Nikamwambia Mhina, "Mkatalie. Akipewa hata mti mmoja, narudi kwetu."

Wazee wakakaa kibarazani kwa Mzee Kilua. Mhina akasema, "Wazee wangu, huyu tuliachana mbele ya baraza hili hili. Shauri likakatwa, kila mtu akashika njia yake. Na shauri lililokatwa halirudishwi." Watu wakaitikia, maana ndiyo desturi yetu.

Mwanjaa akajibu taratibu, "Kilichokatwa ni talaka na posho yangu ya eda. Neno la michungwa niliomba liwekwe, kwa sababu ilikuwa haijazaa. Wazee wakanijibu kwamba limewekwa."

Desturi hiyo nayo ilikuwepo. Mtu akiwa na jambo lisilo tayari kukatwa, hulitaja mara tatu mbele ya wazee, nao hulipokea, likawekwa akiba mpaka wakati wake.

"Nani alisikia?" Mzee Kilua akauliza. "Wale wazee wawili waliokaa siku ile wametangulia mbele ya haki, na mimi sikuwepo."

Mwanjaa akainamisha kichwa. Kaka yake siku ile alikuwa hoi kitandani, na shahidi mwingine hakuwa naye. Mhina akaulizwa, akasema hakumbuki.

Wajukuu zangu, hapo ningefunga mdomo, shauri lilikuwa limekwisha na michungwa yetu. Lakini nilimwona Mhina akimtazama yule mwanamke kwa huruma. Huruma ile ikanipanda kichwani, nikasimama.

"Wazee, msimwonee huruma huyu, ni mjanja. Alijua anachofanya tangu siku ile. Mara tatu alisema, 'Neno la michungwa naliweka,' ili abaki na sababu ya kumrudia mume wangu."

Mhina akajishika kichwa.

"Mwantumu mwanangu," Mzee Kilua akaniita, "siku ile wewe hukuwa mke wa Mhina. Ulisikilia wapi?"

Nikatafuta pa kukimbilia, nikapakosa. "Nyuma ya ukuta, baba. Nilikuwa mchumba. Nilitaka kujua kama anamwacha kweli."

"Na wazee walimjibu nini?"

"Walisema limewekwa."

Mzee Kilua akawageukia wenzake, wakateta kidogo, kisha akasema, "Angekuja kutaka talaka ikatwe upya, tungemrudisha alikotoka. Hili la michungwa halikukatwa, liliwekwa. Na neno la akiba halichachi. Michungwa ni yake, na mavuno ni yake."

Kesho yake asubuhi Mwanjaa akaja na vikapu. Nikasimama mlango wa jikoni, nimejifunga khanga kiunoni, nasubiri nione watakavyotazamana. Mhina akamsalimia. Akaitikia bila kugeuka, macho yakiwa juu kwenye matawi, anachagua yaliyoiva. Alichuma mpaka adhuhuri, akajitwika, akaenda zake. Kwa mume wangu hakutupa jicho hata mara moja.

Niliingia ndani nikalia. Miaka mitatu nimekosa usingizi nikimlinda mwanamume ambaye yule mwanamke hakuwa na haja naye. Alichokuwa anakitaka alikisema mara tatu, kwa sauti, na mimi nilikuwa pale nyuma ya ukuta nikasikia kila neno.

Mji mzima ukalichukua neno lile. Nikienda kisimani naambiwa, nikienda harusini naimbiwa. Leo mama yenu analisema na wala hajui linavyonichoma. Lakini ni kweli, wanangu, nami ndiye shahidi wake: neno la akiba halichachi.