Mgongo wa Kidawa

Paukwa!

Pakawa!

Wameitika watoto peke yao. Na nyinyi wakubwa mlioegemea ukuta, hadithi hii ni yenu kuliko yao. Paukwa!

Pakawa!

Haya. Hapo zamani za kale, wanyama walipokuwa na meko na sufuria, na majirani wa kuchungulia sufuria, alikuwako Bi Kima. Bi Kima alikuwa mkarimu, na mpishi hasa. Alikuwa na ugonjwa mmoja tu: aliogopa maneno ya watu. Akicheka, anatazama kwanza nani anamwona. Akifagia, anafagia upande wa njiani. Upande wa nyuma hata sisemi.

Na alikuwako shoga yake, Mama Kobe, mwenye mtoto mmoja, jina lake Kidawa. Kidawa alikuwa mdogo, anaenea kiganjani. Gamba lake lilikuwa jipya, la kung'aa, gumu. Ukiligonga linaitika, ko, ko, ko.

Siku moja ikaja habari kwamba bibi yake Kidawa anaumwa, ng'ambo ya vilima. Mwendo wa kobe mnaujua. Kwenda masika, kurudi masika. Mtoto hawezi safari hiyo. Basi Mama Kobe akamleta Kidawa kwa Bi Kima.

"Shoga, usijisumbue kwa chakula," akasema. "Mwachie uani ale majani. Nyasi, mchunga, mpungate ule wa miiba ukiupata. Na kipande cha chokaa atafune. Matunda kidogo sana, siku moja moja. Basi."

Bi Kima akasema sawa. Lakini alisikia kwa masikio ya kwao. Maana huko kwao, na hapa kwetu pia msijifanye, mtu akikuachia mtoto lazima aseme usijisumbue, huyu anakula chochote. Ndiyo adabu yake. Na wewe uliyeachiwa, adabu yako ni kutomsikia. Ukimpa mtoto hicho chochote, umeumbuka mtaa mzima. Bi Kima akajisemea kwamba shoga yake ana haya, kaomba majani kwa kuwa hawezi kuomba papai. Akaingia jikoni akawasha moto.

Asubuhi, maandazi na papai. Mchana, ugali na maharage. Jioni, ndizi mbivu mbili. Kesho yake, maandazi na papai. Mchana, ugali na maharage. Jioni, ndizi mbivu mbili.

Kidawa akala. Mtoto ni mtoto, kitamu hakatai.

Jirani wa ng'ambo ya ua alikuwa Bi Kanga. Bi Kanga hakupita bila kutazama sahani. Alitazama, akasifu, akaenda kusema kwa wengine kwamba mtoto wa watu kwa Bi Kima anakula kuliko watoto wa kuzaa. Maneno yakarudi kwa Bi Kima. Akavimba kichwa. Keshoye akaongeza andazi.

Mwezi wa pili, Kidawa akaanza kwenda nyuma ya nyumba. Kwaru, kwaru, kwaru. Huko kusikofagiwa, mchunga ulikuwa umejiotea. Bi Kima akamfuata. Akamkuta kauma jani, jani limening'inia mdomoni. Na ng'ambo ya ua, Bi Kanga huyo anapita na kapu lake.

Bi Kima akahisi uso unawaka. Akamkimbilia mtoto, akampanua mdomo kwa vidole, akalitoa lile jani.

"Unataka watu waseme nini?" akamwuliza.

Kidawa akanyosha shingo kulifuata lile jani. Alikuwa anatafuta chakula.

Siku ile ile Bi Kima akatwaa jembe akalima nyuma ya nyumba yote. Chaka, chaka, chaka. Hakubakisha jani. Kwenye ufa wa ukuta alikaa Bi Konokono, kazi yake kulamba chokaa ya ukuta mchana kutwa. Aliyaona yote. Akasema polepole kwamba mtoto yule anajua anachokitaka, na kama mwenyeji wake anaona uzito kumpa majani, basi ampe hata chokaa. Bi Kima akacheka. Alisema hachukui mafunzo ya malezi kwa mtu anayekula nyumba za wenzake.

Miezi ikaenda. Kidawa akanenepa. Mgongo wake ukaanza kuinuka, kigongo hapa, kigongo pale, kama sinia la maandazi. Bi Kanga akasema ile ni neema, mtoto kashiba hadi gamba limeshiba. Bi Kima akaamini, kwa sababu alitaka kuamini.

Halafu asubuhi moja Kidawa hakuja kwenye sahani. Bi Kima akamwita. Kimya. Akamkuta amelala kifudifudi, miguu imetawanyika, anajaribu kujiinua na hainuki. Bi Kima akamnyanyua. Kidole chake kikabonyea kwenye gamba.

Kidole kikabonyea, wanangu. Akaligonga gamba. Halikuitika.

Sasa hapa naona haya kusema, lakini nitasema. Jambo la kwanza lililomjia Bi Kima halikuwa mtoto. Lilikuwa Bi Kanga. Akamfunika Kidawa kwa shuka, akafunga mlango, na aliyeuliza akaambiwa mtoto kalala. Siku ya kwanza, kalala. Siku ya pili, kalala. Siku ya tatu Kidawa hakufumbua macho, na mama yake alikuwa njiani anarudi.

Ndipo Bi Kima alipotoka. Mchana kweupe, watu wanaona, akaenda kupiga magoti chini ya ukuta kwa yule ambaye yeye mwenyewe alimcheka.

Bi Konokono hakumcheka. Alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza ule mchunga wa nyuma uko wapi.

"Niliulima," akasema Bi Kima.

Bi Konokono akamwelekeza. Mtoto atoke ndani, aote jua kila asubuhi. Awekwe kwenye maji ya kina kifupi, kichwa kikae nje, anywe. Apewe nyasi na mchunga na mpungate, leo hili kesho lile, na chokaa pembeni atafune atakavyo. Maandazi, ugali na maharage visimguse tena. Papai, siku moja moja, kipande kama ukucha.

Majani sasa yalikuwa yamebaki mahali pamoja tu pa karibu: mbele ya ua wa Bi Kanga. Bi Kima akaenda. Akainama, akachuma. Bi Kanga akatoka, akamtazama, akataka kujua hayo majani ya nani. Bi Kima akasema ya Kidawa.

"Mtoto wa watu unamlisha magugu?"

"Ndiyo," akasema Bi Kima. Akaendelea kuchuma.

Siku tano Kidawa alilambalamba tu. Siku ya sita akauma. Siku ya kumi na mbili akasimama kwa miguu minne, akaanguka, akasimama tena. Kila asubuhi Bi Kima aliligonga lile gamba kwa ncha ya kidole, akatega sikio. Siku nyingi halikusema kitu. Mwisho likaitika. Ko. Bi Kima akakaa chini akalia.

Lakini vigongo havikushuka. Gamba likishaota vibaya halirudi.

Mama Kobe akafika. Kwaru, kwaru, kwaru, vumbi la safari mwili mzima. Majirani wakasogea kwenye ua, Bi Kanga mbele. Mama Kobe akamwona mwanawe. Akauona mgongo. Akauliza mgongo huu una nini.

Kidawa ndiye aliyejibu kwanza. "Nililelewa vizuri, mama. Bi Kima alinipikia kila siku."

Na hapo, wakubwa mlio ukutani, mlango wa kutokea ulikuwa wazi. Mtoto mwenyewe kaufungua. Bi Kima angenyamaza tu, mambo yangekwisha. Aliutazama ule mlango. Kisha akaona mdomo wa Kidawa, ule ule alioupanua kwa vidole.

"Uliniambia majani," akasema. "Nikampa maandazi ili nisifiwe. Alipojitafutia majani mwenyewe, nilimtoa jani mdomoni. Alipougua nikamficha, shoga, kwa siku tatu. Ni mimi."

Mama Kobe akapitisha mkono mgongoni mwa mwanawe, kigongo kwa kigongo, hakuruka hata kimoja. Hakutukana. Ingekuwa nafuu angetukana.

"Kidawa ataulizwa habari za mgongo huu maisha yake yote," akasema. "Asijibu yeye. Utajibu wewe."

Ikawa hivyo. Mama Kobe akahamia jirani, na maisha ya kobe ni marefu. Mgeni akija, akishangaa ule mgongo, Kidawa hunyamaza, na Bi Kima huacha alichoshika akaja kusema. Ni mimi. Alisema kwenye harusi, alisema kisimani. Akazeeka anasema.

Siku moja, mvi zimemjaa, akaja mgeni na swali lile lile. Bi Kima akaanza kujikongoja kuinuka. Kidawa, sasa mama mzima, akamwekea mkono begani.

"Bibi, leo kaa. Nilishakusamehe zamani."

"Najua," akasema Bi Kima. "Lakini nikikaa, atadhani ulizaliwa hivi."

Akainuka, akasema.

Mafunzo yake ni haya, na nayasema wazi. Kobe wako uani mpe chakula cha kobe: nyasi na majani ya namna namna, jua, maji na chokaa, na matunda kwa uchache. Vya mezani kwako ni vyako. Na kiumbe ulichoachiwa, lisha tumbo lake, usilishe macho ya majirani.

Hadithi yangu imeishia hapo. Mwenye kuona haya na aone, mimi nimeshaona zangu.