Jaa la Sikudhani

Mlisha jaa hulala njaa. Mmenisikia nikimwambia hivyo Riziki alipoinuka na sahani kwenda kuumwaga ugali wake, na sasa mnataka kujua maneno hayo yametoka wapi. Haya, kaeni. Methali hii ilianza hivi.

Kulikuwa na mwanamke akiitwa Sikudhani, mke wa Mbaruku, mkulima wa mtama upande wa Handeni. Nyumbani walikuwa watatu tu, wao na binti yao Siwema wa miaka minne, lakini Sikudhani alipika kama mwenye harusi. Aliona haya kuonekana na chungu kidogo. Kiporo nacho, alisema, ni chakula cha mafukara. Kilichobaki mchana alikimwaga jaani, nyuma ya nyumba, kila siku.

Siku moja akagundua kwamba jaa halina nzi. Kuku nao hawalikaribii. Alichomwaga jana hakikuwapo, na mahali pake majivu yalikuwa laini, kama sahani iliyokombwa kwa kidole. Hakumwambia mtu. Akamwaga tena.

Mwaka ule mvua zilikuwa haba. Ghala lilipungua, mkono wake haukupungua. Ndipo Siwema akaanza kukonda. Alikula, akaomba tena, akala, na mbavu zikazidi kuhesabika. Adhuhuri moja Sikudhani alifunua chungu alichokijaza mwenyewe, akakikuta nusu. Alipotoka nje, jaani palifuka mvuke. Kunde za moto zilikuwa juu ya majivu, na yeye hajapakua bado.

Akakimbia kumwita mama mkwe wake, Bi Hidaya, aliyekaa nyumba ya pili. Mzee alilitazama jaa kwa muda mrefu.

"Mwanangu, hapa ulikuwa ukimpakulia nani?"

"Simpakulii mtu, mama. Ni makombo tu."

"Kila siku, saa ile ile, pahali pale pale?"

"Ndiyo, mama."

"Basi umemzoesha. Na mgeni aliyezoea hangoji kukaribishwa."

Siwema alikuwa amesimama mlangoni nyuma yao. Akasema kwa upole, "Mama, linasema bado halijashiba."

Sikudhani alimbeba mtoto akamwingiza ndani. Tangu siku hiyo akawa anapima unga. Kilichobaki alikifunika, kikaliwa asubuhi. Mboga zilizozidi alizianika.

Siku ya tatu, wakiwa wanakula mchana, walisikia kitu kikikwaruza ukuta wa nyuma, polepole, kutoka pembe hadi pembe. Mbaruku akataka kuinuka.

"Kaa, mume wangu," Sikudhani akanong'ona. "Tumalize kwanza."

Wakala mpaka tonge la mwisho, na kukwaruza hakukukoma. Kisha Sikudhani akaichukua sahani, akaenda mlango wa nyuma, akaiinamisha nje ili ionekane ilivyo tupu.

"Hakuna," akasema. "Tumekula wenyewe."

Pakawa kimya.

Siwema alinawiri tena kabla ya mavuno. Lakini pale jaani, hata nilipokuwa msichana, nyasi hazikuota, na wapita njia walikaza mwendo. Nilipaona kwa macho yangu, kwa maana Siwema ndiye bibi yangu aliyenifundisha kupika. Nilipozidisha unga hakunigombeza. Alinishika mkono tu, akageuza uso upande wa mlango wa nyuma, akasikiliza kidogo, kisha akaniambia taratibu: mlisha jaa hulala njaa.