Asante ya Gari Lililonyamazishwa

Wapendwa, kabla hatujavipokea vikapu vyenu vya mavuno, na naona mwaka huu mmeleta mpaka magimbi, Bwana awabariki, nipeni dakika chache niwasimulie habari za mtu mmoja na pikapu yake.

Kulikuwa na mzee mmoja huko milimani, mwenye duka, tena mzee wa kanisa. Wazee wa mstari wa mbele, msinitazame hivyo, ni mfano tu! Mzee huyu alikuwa na pikapu iliyomtumikia miaka mingi. Ilibeba saruji, ikabeba viazi, ikabeba maharusi. Basi ikaanza kulia. Injini ilikuwa nzima, lakini huko nyuma ilitoka sauti, ng'waaaa, hadi watu wa sokoni wakawa wanajua mzee anakuja kabla hawajaiona boneti yake.

Akaipeleka kwa fundi. Fundi hakushika spana hata moja. Alipanda nyuma, akalala kifudifudi, akatega sikio kwenye bodi, akasema, "Endesha, mzee. Panda kilima."

Mzee akakanyaga mafuta. Ng'waaaa. "Achia mafuta." Kimya. "Kanyaga tena." Ng'waaaa. "Haya, kata kona huku, kata na huku." Sauti haikubadilika. Fundi akashuka, akajikung'uta vumbi.

"Ingebadilika kwenye kona, ningesema ni beringi za magurudumu. Hii inalia ukikanyaga, ukiachia inanyamaza. Difu hiyo, mzee. Beringi imekwisha. Tuifungue."

Difu, kwa wale ambao hamjawahi kulala chini ya gari, ni lile bonge la chuma katikati ya ekseli ya nyuma. Linapokea nguvu ya injini na kuzungusha magurudumu.

"Na nikiiacha?" mzee akauliza.

"Siku moja itakamata. Ikikamata, magurudumu ya nyuma yanafunga ghafla, na gari halikusikii tena. Omba tu isiwe kwenye mteremko."

Je, mzee hakuelewa? Alielewa sana! Ila alikuwa ameshapata mnunuzi, na kufungua difu ni gharama, na tamaa nayo ina maneno matamu. Wale mnaojua biashara ya magari yaliyotumika mmeshajua alichofanya. Kuna ndugu anacheka pale nyuma. Tutaonana baada ya ibada.

Alikwenda nyumbani akachukua ndizi mbivu, akazipondaponda na maganda yake, akazishindilia ndani ya difu, akajazia oili nzito. Ndizi zikaingia kwenye meno ya chuma yaliyomo ndani, na kelele zikafunikwa. Nasema zikafunikwa, kwa sababu tangu dunia iumbwe hakuna ndizi iliyotengeneza beringi.

Pikapu ikanyamaza. Ikawa na adabu kuliko kwaya yetu wakati wa matangazo. Mnunuzi alikuwa kijana mkulima wa karoti. Akaijaribu barabarani, akasikiliza, akafurahi, wakapeana mikono, akaondoka nayo.

Baada ya muda si mrefu, Jumamosi mchana, mzee amekaa kibarazani kwake, akaiona pikapu ileile inasimama mbele ya duka. Akajiambia, haya, imeanza kulia tena, difu haijakamata ila mimi nimekamatwa. Akaanza kupanga majibu: gari la mtumba, uliliona mwenyewe, ulilijaribu mwenyewe.

Kijana akashuka, mkononi ana jogoo mwekundu aliyefungwa miguu.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Kwema?"

"Kwema kabisa. Tunateremka hospitali ya bondeni, mke wangu amefikia siku za kujifungua. Nikasema hatuwezi kupita hapa bila kukupa asante." Akampa jogoo.

"Asante ya nini? Si umenunua?"

Kijana akainamisha macho. "Mzee, mimba ya kwanza nilimteremsha kwa pikipiki, kwenye mvua. Mtoto hatukurudi naye. Nikaapa hatateremka vile tena. Na gari lako limetulia, mpaka mama anasinzia humo ndani. Kila jioni tukisali tunalitaja jina lako."

Mkewe akachungulia dirishani, tumbo limejaa pale mbele, uso unang'aa. "Mungu akubariki, baba. Umetusaidia kuliko unavyojua."

Haya, ungekuwa wewe ungesema nini? Angekuja na hasira, mzee alikuwa na majibu. Angekuja na mwenyekiti wa kijiji, mzee alikuwa na majibu. Lakini asante unaijibu nini? Akawaza: jina langu linapelekwa mbele za Mungu kila jioni, na Mungu huyo anapolisikia, anazijua zile ndizi!

Kijana akarudi kwenye usukani, akawasha. Mbele yao mteremko wote na kona zake. Mzee akaruka kutoka kibarazani, akasimama katikati ya barabara, jogoo juu, anapiga kelele.

"Zima! Zima gari, mwanangu! Mshushe mama!"

Akayasema yote palepale, mke wa kijana anasikia, majirani wanasikia, wateja wake wanasikia. Kijana alikasirika? Alikasirika, wapendwa. Alimwambia maneno ambayo mimi siwezi kuyarudia hapa madhabahuni. Na mzee hakujitetea. Akakimbilia kwa jirani mwenye gari zima, akamwomba ampeleke mama hospitali. Akarudi kwa kijana.

"Nenda naye. Difu nitaifungua mimi, kwa mfuko wangu. Na huyu jogoo mchukue, sistahili."

Kijana akamtazama jogoo. Akamtazama mkewe, ameshakaa kwenye gari la jirani.

"Jogoo nilimleta kwa ajili ya gari," akasema. "Kwa gari hili, ningemrudisha nyumbani sasa hivi. Lakini umemshusha mke wangu kabla ya zile kona. Kaa naye, mzee. Nina hasira na wewe, lakini asante."

Fundi alipoifungua difu, lilitoka tope jeusi la ndizi, na ndani yake vipande vya beringi vinametameta. Na huko bondeni alizaliwa mtoto wa kike, mzima, mwenye sauti kubwa. Utukufu kwa Mungu!

Ndugu zangu, sisi tunadhani mtu hugeuzwa kwa kukemewa tu. Mzee huyu alionywa na fundi, hakugeuka. Dhamiri ilimsuta, akaizoea. Kilichomwangusha ni shukrani ya watu wawili waliomwamini. Basi tumshukuru Mungu hata kwa wale wanaotushukuru, maana wengine wametumwa kutuokoa, na wenyewe hawajui.

Leo tumemletea Mungu mavuno. Yeye anaipokea asante yetu bila kuona haya, kwa kuwa mvua aliyotupa ilikuwa mvua kweli, na mbegu ilikuwa mbegu kweli. Hakutufunikia lolote. Sisi je? Kuna mume hapa mkewe anamshukuru Mungu kwa uaminifu wake. Kuna mwalimu anayeombewa na wazazi. Kuna mweka hazina ambaye tunampigia makofi kila mwaka. Kuna mchungaji pia, msidhani nimejisahau. Je, hizo asante tunazipokeaje?

Kama kuna nyumba jina lako linatajwa jioni kwa shukrani, na wewe moyoni unajua ulichokifunika, mshukuru Mungu kwamba umeshukuriwa ungali na nafasi ya kusema. Wala usiningoje mimi nimalize ibada. Inuka uwafuate, maana wao wanakuamini, na wameshaanza kuteremka.