Kalekwa na Wimbo Wenye Pengo

Paukwa.

— Pakawa.

Nimesikia wawili, wengine mnatafuna. Paukwa.

— Pakawa.

Hapo sawa. Msipoitika, mimi ni mtu mzima anayeongea na moto, na kuna miji nimefukuzwa kwa hilo.

Hapo kale, filimbi haijawa ya ngoma wala ya harusi, ilikuwa ya ng'ombe. Kila zizi lilikuwa na wimbo wake. Mchungaji akipuliza jioni, ng'ombe wake wanajitenga na kundi wanamfuata, wa jirani wanabaki wanacheua.

Basi palikuwa na mama mmoja, Kalekwa. Baba yake alipokufa alimwachia ng'ombe na filimbi ya mwanzi, nyeusi kwa moshi. Maziwa ya ng'ombe hao ndiyo yaliyowalea watoto wake. Kingine hakuwa nacho.

Siku moja ng'ombe walipokuwa wakinywa maji mtoni, Zimwi likaketi ng'ambo. Likatoa filimbi ya mfupa, likapuliza. Tamu, tamu, tamu. Ng'ombe wakavuka wote, wakalizunguka, masikio yamelegea.

Kalekwa akaja mbio mpaka ukingoni. "Wewe Zimwi, nirudishie ng'ombe wangu."

"Sikuwaiba, mama. Wamependa muziki. Waite. Wakija, ni wako. Jua likizama hawajaja, ni wangu, na nitaanza na ndama. Nyama yao laini."

Kalekwa akamkimbilia Ngusa, mdogo wa baba yake, aliyesifiwa kwa filimbi nchi nzima. "Baba mdogo, twende ukaniitie ng'ombe."

Ngusa akaja na kifua mbele. Akapuliza wimbo wa zizi lile. Akaupamba, akaukunja, akaujaza mpaka sindano isingepita. Zimwi likaupuliza uleule, likaongeza. Ngusa akaongeza, Zimwi likazidisha. Ngusa akazidisha mpaka mishipa ya shingo ikasimama, Zimwi likafunika. Ng'ombe hata hawakugeuka.

"Mwanangu, mimi basi," akasema Ngusa, akiketi chini. "Pumzi yangu ina mwisho. Lile halipumui kabisa, umeliona?"

Kalekwa akatoa filimbi ya baba yake.

"Wewe? Mwanamke na filimbi wapi na wapi?"

"Baba mdogo, tangu utoto napuliza jiko la kuni mbichi. Pumzi ninayo."

Akaichovya mtoni ili mwanzi ulowe, nyufa zizibe. Akapuliza mara ya kwanza. Sauti ikatoka kama mlango wa ghala.

"Nani kamkanyaga kuku?" likauliza Zimwi.

(Msicheke. Mimi nilipuliza filimbi Tabora, wenyeji wakaniletea maji na kunipepea, wakidhani nimepaliwa.)

Akapuliza mara ya pili, akafuata mapambo ya Ngusa. Zimwi likamfunika kabla hajafika katikati.

"Turudi nyumbani," akasema Ngusa. "Nitakupa ndama mmoja uanze upya."

"Sirudi bila ng'ombe wangu."

"Jua linazama, mwanangu."

"Naliona. Sirudi."

Akaketi juu ya jiwe, akafumba macho. Akajiona zizini, binti mdogo, anakamua. Baba yake yuko mlangoni, anapuliza. Akifika katikati ya wimbo, anaitoa filimbi mdomoni, ananyamaza. Miaka yote ile Kalekwa alidhani mzee anapumzika. Sasa akakumbuka kilichokuwa kikifuata ule unyamavu: mlio wa Madoa, ng'ombe kiongozi. Ndipo baba alipomalizia.

Kumbe hakuwa anapumzika. Alikuwa anasubiri kuitikiwa.

Kalekwa akasimama. Akapuliza mara ya tatu, wimbo mtupu, usio na pambo. Alipofika katikati, akanyamaza.

"Umesahau?" akanong'ona Ngusa.

Kalekwa kimya.

"Imemkwama," likacheka Zimwi, likaendelea kupuliza, tamu, tamu, tamu.

Kalekwa kimya. Jua likagusa kilima. Ndama akalala miguuni pa Zimwi. Kalekwa kimya, filimbi mkononi.

Madoa akainua kichwa. Akatazama ng'ambo.

"Mmmbuu."

Kalekwa akamalizia wimbo. Akaanza tena, akafika katikati, akanyamaza. Safari hii wakaitika watatu. Akaanza tena, wakaitika wote, na Madoa akaingia majini, ndama nyuma yake, na wengine wote wakafuata.

"Acha nafasi nawe," Ngusa akalipigia Zimwi kelele, maana alikuwa mtu wa kuchokoza. "Nyamaza kidogo tuone nani atakuitikia."

Zimwi lilitaka kunyamaza, halikuweza. Lisilopumua litajuaje pa kukoma? Lipo hukohuko. Upepo ukipita kwenye matete ya mto, mnalisikia, tamu, halina wa kuliitikia.

Tangu siku ile, nchi ile, anayejifunza filimbi hufundishwa kwanza kunyamaza. Mwalimu wa kwanza alikuwa Kalekwa. Mwanafunzi wa kwanza alikuwa Ngusa, na alichelewa sana kufaulu.

Funzo ni hili: ukimwita mtu, mwachie nafasi ya kuitika, na uwe na moyo wa kumngoja.

Nami filimbi nimeifuta mate, nimeirudisha kwapani. Paukwa.

...

Nangoja tu. Hata Madoa alichelewa.