Sufuria Bila Chumvi

Wahenga walisema: mgeni njoo, mwenyeji apone. Wengi wetu huufasiri msemo huu kwa tumbo. Mgeni akija, kuku huchinjwa, na mwenyeji aliyekuwa akilamba mchuzi mtupu wiki nzima hupata naye kipande cha paja. Maana hiyo si mbaya, ila ni ya juu juu. Huko Bagira, pembezoni mwa mji wa Bukavu, mgeni alifika katika nyumba moja na jogoo wa nyumba hiyo akabaki hai, akitembea uani kama kawaida. Hata hivyo mwenyeji alipona. Kisa chenyewe ni hiki.

Colombe alikuwa mwalimu wa shule ya msingi, na alikuwa amechoka. Haukuwa uchovu wa siku moja unaoisha kwa usingizi wa usiku mmoja. Ulikuwa umemwingia mifupani, akaamka nao, akafundisha nao, akapanda nao mlima kurudi nyumbani akiwa na bidoni, lile dumu la maji, mkononi. Mama yake mzazi, Mama Aimée, alikuwa ametoka hospitalini wiki sita zilizopita baada ya homa kali iliyomlaza karibu mwezi mzima. Homa ilikuwa imekwisha. Kilichobaki ni kwamba mama alikataa kula.

Muuguzi aliyewaruhusu kurudi nyumbani alikuwa amesema maneno machache tu: mpeni chakula laini, mafuta kidogo, chumvi kidogo. Lau Colombe angeishia hapo, mambo yangekuwa mepesi. Lakini mgonjwa wa mtaani ana waganga wengi. Laurette, jirani wa upande wa juu, alimwambia kuwa chumvi ni adui wa wazee, bora aiache kabisa. Isidore, mkatekista wao, alimwonya kuhusu mafuta ya mawese kwamba yanalemea ini. Mwingine akaja na habari za kitunguu. Mmoja aliondoa chumvi, wa pili akaondoa mafuta, wa tatu akaondoa kitunguu, na Colombe, kwa hofu ya kumpoteza mama yake, akawatii wote. Sufuriani kukabaki majani na maji.

Basi kila siku alichuma lengalenga, ile mboga ambayo kwingine huitwa mchicha, katika kishamba kidogo nyuma ya nyumba. Aliichemsha kwa magadi saa nzima, akaiponda kwa mwiko hadi ikawa uji wa kijani uliofifia, kisha akampelekea mama kitandani. Mama Aimée alionja kijiko kimoja, akageukia ukutani. Jioni ilikuwa vivyo hivyo; kilichomshikilia ni vikombe vichache vya chai ya sukari. Alikonda akabaki ngozi na mifupa, na Colombe, ambaye hakuwa na moyo wa kula mbele ya mtu asiyekula, akaanza kukonda pamoja naye.

Kaka yake, Ezéchiel, alifika kila Jumapili baada ya misa. Alisimama mlangoni na viatu vyake vilivyong'arishwa, akauliza, "Amekula?", akaambiwa hapana, akatikisa kichwa kwa huzuni, kisha akaenda kwake kula chakula cha mke wake. Huruma yake ilikuwa ya kweli, lakini haikuwahi kubeba bidoni.

Wiki hiyo muuguzi alikuwa amekuja kumpima mama na kusema wazi kwamba asipoanza kula, Jumatatu arudishwe hospitalini alishwe kwa mpira wa puani. Mama Aimée aliyasikia hayo. Alimshika binti yake mkono kwa nguvu ambayo Colombe hakujua kama bado anayo. Colombe alijua maana yake. Mama alikuwa amekwisha kusema kwamba akirudishwa kule hatatoka tena kwa miguu yake.

Jumamosi, adhuhuri, mtu akabisha hodi. Alikuwa Nafisa, binti wa Hadji Sumaili wa Uvira, ambaye familia yake ilikaa ukuta kwa ukuta na Mama Aimée zamani, marehemu baba yake Colombe alipokuwa akifanya kazi kule bandarini. Nafisa alikuja mjini kutafuta vitenge vya biashara, akasikia sokoni kwamba Mama Aimée ni mgonjwa. Kichwani alikuwa na furushi la vitenge alivyokwisha kununua, mkononi mfuko wa mchele wa Luberizi, wa kule kwao.

Colombe alimkumbatia, akamkaribisha, akamtandikia kitambaa kwenye kiti. Moyoni alitamani kulia. Mgeni naye, siku kama hii! Kwao, mgeni wa siku ya kwanza halishwi majani. Ni sawa na kumwonyesha mlango. Isitoshe, hagusi sufuria. Hukaa, huulizwa habari za kwao, hunawishwa mikono. Kulikuwa na jogoo mmoja tu, aliyewekwa kwa ajili ya siku ambayo mama angepona. Colombe akamkamata, akamfunga miguu, akachukua kisu.

Nafisa alimtazama kwa haya. Aliuliza polepole ni nani atakayemchinja. Colombe akajibu kwamba ni yeye, nani mwingine? Hapo mgeni akalazimika kueleza kwamba wao hula nyama iliyochinjwa na Mwislamu tu, na kwamba asijisumbue, majani yanamtosha kabisa. Colombe aliona aibu kwa kusahau jambo alilolijua tangu utotoni. Jogoo akafunguliwa, akajikung'uta, akaenda zake bila kumshukuru mtu.

Wakaingia jikoni. Colombe aliwasha mbabula, lile jiko la makaa, akapuliza, akateleka maji, na alipokuwa akingoja yachemke alimsimulia Nafisa yote: kijiko kimoja kimoja, ushauri wa majirani, mpira wa Jumatatu. Alisimulia kwa sauti ya mtu anayesoma orodha ya majina darasani. Katikati ya sentensi akanyamaza. Nafisa alipoinua macho aliona kwamba mwenyeji wake amelala akiwa amesimama, mwiko mkononi, paji la uso limeegemea ukuta.

"Dada," Nafisa alisema, akimshika bega. "Kaa chini. Nipe ile kisu."

"Hapana. Mugeni hapiki siku ya kwanza. Batu batanicheka."

"Batu gani? Bale benye balikutosheya chumvi mu sufuria?"

Colombe alitaka kubisha. Lakini mkono wake ukaachia mwiko wenyewe, naye akaketi juu ya bidoni iliyopinduliwa.

Nafisa akayamwaga maji ya moto. Akachagua vichipukizi vya lengalenga tu, vile vichanga visivyo na nyuzi, akavikosha mara tatu vikiwa vizima, akavikung'uta na kuviacha vichuje maji ndani ya kikapu, ndipo akavikata vyembamba. Akaweka kikaango mkavu juu ya makaa, akatia kijiko kimoja cha mafuta ya mawese. Colombe aliinuka nusu. Akasema kwamba muuguzi alikataza.

"Muuguzi alisema nini?"

"Alisema kidogo."

"Basi. Kidogo haiko sawa na hapana."

Akakata kitunguu, akakitia, kikaanza kunukia. Kisha majani yakaingia konzi kwa konzi, na kikaango kikapiga ule mlio wa mboga mbichi inapokutana na mafuta ya moto, mlio ambao nyumba ile haikuwa imeusikia kwa wiki sita. Nafisa hakufunika. Aligeuza, akageuza tena, akanyunyiza chumvi ya ncha za vidole viwili, akaipua wakati majani yangali ya kijani.

Kutoka chumbani ikasikika sauti, kavu lakini wazi.

"Nani iko mu jikoni?"

Colombe alikimbia akidhani mama ameanguka. Alimkuta ameketi kitandani, miguu imegusa sakafu, akinusa hewa.

"Ni Nafisa, mama. Wa kwa Hadji. Anakukarangia lengalenga."

Mama Aimée alimtazama binti yake. "Kumbe unajua mu hii nyumba mafuta na chumvi iko," akasema. "Mi nilizania mulishaamua."

"Tuliamua nini?"

"Mu hospitali, ule maman wa kitanda ya pembeni, balimupatia majani ya mayi, bila chumvi, bila kitu. Siku tatu. Siku ya ine akafa. Tukarudi huku, na weye ukaanza kunipikia vile vile. Nikasema, basi, munganga alikuambia kitu na mutoto wangu anaogopa kunielezea. Nikangojea siku yangu ya ine."

Colombe akapiga magoti hapo hapo kando ya kitanda. Wiki sita alikuwa akipika hofu yake mwenyewe, na mama akaionja katika kila kijiko.

"Hakuna kitu nilikuficha, mama. Mi niliogopa tu."

"Na miye vilevile," mama akasema. "Nishike. Natoka."

Mchele nao ulipoiva, walikula wote watatu uani, kwenye mkeka, wali wa Luberizi na lengalenga. Mama Aimée alikula polepole, akatafuna kwa ufizi, akapumzika, akasogeza tena sahani yake. Nafisa alimwongezea. Kisha mama akamgeukia Colombe, ambaye alikuwa amekaa akimtazama tu.

"Na weye, ulikula lini?"

Colombe alijaribu kukumbuka, akashindwa. Akachukua kijiko. Tonge la kwanza lilishuka kwa shida. La pili lilishuka na machozi, na hakuna aliyemwambia anyamaze. Kabla sahani haijaisha akalala palepale, mchana mweupe, mbele ya mgeni, na Nafisa akafungua kitenge kipya kati ya bidhaa zake akamfunika nacho.

Alilala hadi kesho yake asubuhi. Ezéchiel alipofika baada ya misa alisimama mahali pake pa kawaida na kuuliza swali lake la kawaida, "Amekula?"

Mama Aimée alikuwa uani, kwenye kiti, akichambua lengalenga magotini. "Nani?" akamjibu. "Miye ao dada yako? Hapa wagonjwa balikuwa bawili. Vua ile viatu, lete mayi."

Ezéchiel akavua. Jumatatu ilipofika hakuna aliyekwenda hospitalini. Nafisa alipanda gari kurudi kwao akiwa na kitenge kimoja pungufu, na Colombe akaenda kufundisha akiwa ameshiba. Hakuchinjiwa mgeni yule kuku, wala hakupewa hata heshima ya kunawishwa mikono, lakini aliacha nyumba ile inakula. Kweli, mgeni njoo, mwenyeji apone.