Kiti Cheupe cha Safu ya Nne

Kaeni vizuri, na mwenye usingizi asinzie tu, maana hadithi hii ilianzia usingizini.

Mjini Tabora palikuwa na ndugu watatu, watoto wa Bi Nyamizi, mwimbaji aliyeacha jukwaa siku alipomzaa wa kwanza. Limi, dada mkubwa, alijaliwa ndoto: akilala, huona vitu ambavyo bado havijatengenezwa. Shija, kaka wa kati, alijaliwa kichwa kisichopotewa na hesabu. Kabula, kitinda mimba, alijaliwa mdomo. Angeweza kumshawishi jogoo atage.

Mwaka ule daktari alimwambia mama yao kwamba lazima apasuliwe koo, na sauti huenda isirudi. Bi Nyamizi akataka kuimba mara moja ya mwisho. Ukumbi ulipatikana Mwanza, lakini mwenye ukumbi akaweka sharti: viti mia tatu visipopata watu kufikia Ijumaa, anampa mwingine. Waliomkumbuka walikuwa wengi, ila walikuwa Tabora, na Mwanza si jirani.

Limi akalala. Akaota viti vyeupe vinaelea ziwani taratibu, kila kiti cha ukumbini kimeshikana na kiti cha basi. Alipoamka akavichora hivyo hivyo kwenye simu: ukigusa kimoja, mwenzake anakuja. Hata asiyejua kusoma aliuelewa mchoro ule. Bila huo, nani angejua pa kugusa?

Shija akautia mchoro uhai. Siku nne aliandika maagizo ya kompyuta, macho mekundu, chai imepoa, mpaka mtambo ukajua kumkatalia mtu wa pili kiti cha mtu wa kwanza, hata wakigusa kwa pamoja. Bila kazi yake, watu wangeshikana mashati mlangoni.

Kabula akabeba simu kwenda sokoni, kwa kina mama wasioamini tiketi isiyoshikika mkononi.

"Shangazi, gusa hapa. Umeona? Kimekuwa cha bluu. Ni chako, hata mjomba hakipati!"

Wakacheka, wakagusa. Bila maneno yake, mtambo ungebaki pambo la simuni.

Alhamisi viti vyote vikawa vya bluu. Mama akalia kwa furaha, nao wakalala fofofo.

Asubuhi ya safari, wakiwa kituo cha basi, Limi akauliza, "Jamani, sisi tunakaa wapi?"

Walikuwa wamehudumia watu mia tatu, wakajisahau. Viti vya wageni wa mwimbaji navyo mama alikwisha kuwagawia wakunga waliomzalisha. "Wanangu ndio wenye mtambo," alisema, "watakosaje kiti?"

"Kaka, si ufungue kimoja kwa mkono?" Kabula alibembeleza.

"Nimnyang'anye shangazi yupi?"

Mara kiti kimoja cha safu ya nne kikarudi kuwa cheupe. Mtu ameghairi. Limi akakigusa upesi. Mnajua kina mama wanavyotandika kanga kwenye kiti harusini ili asikalie mwingine? Mtambo ule nao ulikuwa na kanga yake: dakika kumi uandike jina, la sivyo kiti kinamwendea anayengoja.

"Andika Kabula," alisema Shija. "Yeye ndiye aliyeleta watu."

"Watu wangekuja kupigana bila wewe," Kabula akajibu. "Lakini dada ndiye aliyeota."

Limi alikitaka kiti kile kwa moyo wote, na akaona haya, kwa sababu alijua wenzake nao wanakitaka vivyo hivyo. Hakuna hata mmoja wao aliyewahi kumsikia mama yao akiimba jukwaani.

Zimebaki dakika mbili. Basi linaunguruma, Bi Nyamizi anapunga mkono dirishani akidhani wote wanapanda, na kidole cha Limi kiko juu ya herufi. Nyinyi mnaonisikiliza, kama kidole hicho kingekuwa chenu, mngeandika jina la nani?